Coralie Hanlon na Filamu Iliyofungwa Kabatini

Ijumaa, tarehe 28 Juni 2024, Coralie Hanlon anaacha kazi ya uigizaji baada ya miaka thelathini na saba. Mwenyekiti wa chama chetu cha watu wa filamu, tawi la Alice Springs hapa Australia, ameniomba niandike maneno machache "ya kuchangamsha", kwa kuwa nimempaka vipodozi kwa karibu miaka ishirini na tisa. Nitajitahidi, ila uchangamfu wenyewe uko huku mwanzoni. Mwenye haraka na aishie hapo.

Alianza mwaka 1987 akiwa mpishi wa hospitali, pale watu wa filamu walipokuja kutafuta mwanamke wa kubeba trei bila kumwaga kitu. Hakumwaga. Tangu hapo ameigiza wauguzi kumi na wanne, mama wa mtuhumiwa mara tisa, na jirani aliyesikia kelele mara nyingi kuliko ninavyokumbuka. Katika tamthilia ya hospitali ya nyikani alikaa misimu sita kama mama wa chai, na kila kipindi alikuwa na sentensi moja tu: "Kunywa kwanza, utalia baadaye." Hadi leo watu humzuia dukani, katikati ya rafu za mikate, wakimwomba aiseme. Huwajibu, "Nendeni mkachemshe maji yenu, mimi niko likizo."

Kwenye skrini amekufa mara kumi na moja. Mara ya nne, akiwa maiti chini ya shuka, alipitiwa na usingizi wa kweli. Mwongozaji akafoka, "Nani huyo anakoroma? Maiti hakoromi!" Coralie akamjibu bila kufumbua macho, "Maiti uliyemwamsha saa kumi alfajiri anakoroma, mwanangu."

Jina lake halikuwahi kuwa la kwanza kwenye bango. Lilikuwa la pili mara moja tu, mwaka 1994, katika *Lango la Tano*, filamu ya dada wawili wanaokataa kuhama kwenye ranchi alikozaliwa mama yao. Jina la kwanza lilikuwa la mdogo wake wa damu, nami siliandiki hapa kwa heshima ya familia. Coralie ndiye aliyemfundisha kusimama mbele ya kamera. Alipopitwa, alifurahi waziwazi na kumsifia kwa kila aliyekubali kusikiliza.

Oktoba 1995 Coralie alikuwa akirekodi tamthilia ya polisi, mwendo wa saa tatu kusini mwa mji. Akampigia simu mdogo wake: "Njoo bwana, kuna nafasi ya muuguzi, siku mbili tu." Gari likapinduka kwenye barabara ya vumbi. Habari za kifo chake zilitufikia kabla ya chakula cha mchana. Mwongozaji wa siku hiyo, ambaye naye simtaji, kwa sababu nyingine kabisa, alimuuliza kama angeweza kumalizia onyesho moja lililobaki, la mama anayelia mahakamani. Akalimaliza. Watazamaji waliandika barua kusifu kile kilio. Ilikuwa wiki yangu ya kwanza kazini. Nilimfuta uso na sikusema neno. Bado naona aibu.

Kwao, wenyeji wa asili wa nchi hii, mtu akifa jina lake halitajwi, na picha zake huondolewa machoni mpaka wafiwa waruhusu. Mama yao aliomba filamu ifungwe kabatini, Coralie akatia sahihi. Tuzo ilikuwa njiani. Mtayarishaji akaja kwa ndege kutoka Sydney kumsihi, akimwita kwa heshima kama tumwitavyo sote: "Shangazi, kazi yako yote ndiyo hii. Ukiifunga, nani atakujua?" Akaambiwa, "Mdogo wangu ananijua. Maliza chai yako uende."

Coralie mwenyewe alikuwa hajaiona. Mama yao alipofariki mwaka 2011, neno la mwisho la kuifungua lilibaki kwa Coralie, lakini hakulitoa. Siku moja nikimpaka poda aliniambia, "Nikimwona pale, nitamwona anapokea ile simu."

Shanelle, binti wa marehemu, alikuwa na miezi minane mama yake alipofariki. Coralie alimlea vizuri, akamnyima kitu hicho kimoja. Mwaka jana binti alimwomba mbele yangu: "Mama Mkubwa, nina miaka ishirini na minane, nimeshampita umri. Niache nimsikie, hata akikohoa tu." Coralie akaomba maji.

Januari mwaka huu, kabla sijafungua hata kopo moja, aligeukia kioo akanisifu: "Leo umenipendezesha." Nikajua macho yamekwisha. Ni kisukari, na daktari alishampa miezi michache tu ya kuona. Hiyo ndiyo sababu ya kustaafu, si uchovu kama tangazo la ofisi lilivyodai.

Mwezi Machi alisema kabati lifunguliwe. Ndugu ilibidi wakae kwanza, na wengine wako mbali. Walikubaliana mwishoni mwa Mei. Kufikia hapo Coralie aliweza kutofautisha mwanga na giza tu.

Tuliitazama ukumbini, viti ishirini, Shanelle akiwa kando yake.

"Anafanya nini sasa?"

"Anafunga lango, Mama Mkubwa."

"Kwa mkono gani?"

"Wa kushoto."

"Ndiye."

Kisha yule dada akacheka kwenye filamu, na kicheko kilikuwa cha Shanelle mwenyewe. Ukumbi mzima uligeuka kumtazama. Shanelle hakuweza kusimulia tena, na Coralie akabaki gizani na ile sauti. Alipotoka alisema neno moja: "Nimechelewa."

Shangazi, asante kwa kila trei uliyobeba na kila kifo ulichotufia. Tunakutakia siku tulivu, chai iliyochemshwa na mtu mwingine, na sauti ya Shanelle karibu nawe daima.

Ameomba tangazo lake lichapwe hapa, na ndugu wameridhia: siku atakapofariki, filamu zake zisifungwe. "Mnionyeshe siku hiyohiyo," amesema, "na jina langu mlitaje. Huyu mtoto asisubirishwe tena."

Tumesikia, Coralie Hanlon.