Ini Halilalamiki

Seremala alikuwa na miadi hospitalini, lakini ndani ya basi alishaamua kupitiliza hadi nyumbani. "Watanichoma sindano mpaka kwenye ini," alimwambia mama mshonaji aliyeketi kando yake, "na wala haliniumi."

"Ini halilalamiki, kaka yangu. Likianza kulia, maji yameshazidi unga. Mimi walinipima damu, wakapiga hesabu pamoja na umri, ikatoka alama ya kuonyesha kama ini lina makovu. Kisha wakaniwekea kifaa ubavuni, kikawa kinagonga kama mgeni mwenye adabu, kupima ini limekakamaa kiasi gani. Sindano ya ini sikuiona."

"Na wakikuta makovu?"

"Walikuta. Nikaanza dawa ya homa ya ini, sasa alama inashuka."

"Ini lako si langu," alisema seremala.

Basi likasimama mbele ya hospitali. Mama akasogeza magoti ampishe, bila kumwuliza. Seremala akashuka, akinung'unika kwamba bado hajakubali.