Chai ya Mzee Kei

Sogeeni, wanangu. Suk-han, keti hapa kitandani. Na wewe Chi-kit, acha kutazama saa, maana pumzi niliyobakiwa nayo ni ya kusema jambo moja tu. Nyumba hii ya Kowloon ni ya dada yako, kwa kuwa ndiye aliyenilisha uji na kunigeuza ubavu miaka miwili hii, na asiyeridhika aseme leo nikiwa hai. Filamu zangu ishirini na tisa ni zenu wote wawili. Lakini mojawapo ina wizi wangu ndani yake, na ndilo nililowaitia.

Kei Man-lok mnamjua kama yule mzee tusiyemsalimu. Nimewalea hivyo, mababu wanisamehe. Mimi nilikuwa mwongozaji, yeye mwandishi wangu miaka ishirini na miwili, na mwandishi kama yule sijamwona tena. Asubuhi, mafundi wakifunga kamba za kuwarusha watu juu ya mapaa, Kei amechuchumaa juu ya sanduku la taa, anaandika maneno ya siku hiyo hiyo kwenye vipande vya karatasi, nasi tunamnyang'anya wino haujakauka. Nikimwuliza, "Kaka Kei, pambano la darajani liweje?" ananipa mstari mmoja: Hawa wamekula chungu kimoja miaka kumi. Mwalimu wa mapigano akiusoma huwapanga watu wapigane kama ndugu wanaooneana haya. Na yule mke wa kwenye filamu, jini mbweha aliyewaliza kina mama wote mtaani, anayemwosha mumewe miguu kabla ya kumwacha, alizaliwa kwenye karatasi iliyofungia maandazi.

Zama zile sauti hatukuinasa. Maneno yalitiwa baadaye. Nyota wetu hakuwa na kichwa cha kushika maneno, basi mbele ya kamera alihesabu tu, moja, mbili, tatu, nne, kwa uso wa uchungu. Katika filamu yetu ya mwisho niliagiza shujaa amtukane aliyemuua mwalimu wake, kisha amkate. Kei akakaa siku tatu akiutazama ule mdomo unaohesabu, akautilia maneno yake: "Nenda. Mwalimu hakunifundisha kukuchukia." Akamwambia mkataji wa filamu aishie pale upanga ulipokuwa bado juu.

Nilipoiona nikafoka, "We mzee, umeniharibia filamu!" Akacheka. "Mdogo wangu, ngoja watu walie kwanza, ndipo unigombeze."

Watu walilia, wanangu, mpaka Singapuri. Mtu wa gazeti akaniuliza wazo lile lilitoka wapi, na Kei yuko kando yangu anakula bata. Nikasema, "Nilikuwa nalo tangu siku ya kwanza." Na penye jina la mwandishi nilikwisha kujiandika mimi. Kei akaweka vijiti vyake mezani, akainuka, akaenda zake. Huu mwaka wa kumi na tisa. Nilimwonea wivu, na mficha maradhi kifo humuumbua.

Sasa sikilizeni. Barua ya kumrudishia jina lake nimeitia sahihi, iko kwa wakili. Lakini barua haiombi radhi. Kwetu mkosaji hupiga magoti akamimina chai, na aliyekosewa akinywa, yamekwisha. Miguu yangu haishuki tena kitanda hiki. Chi-kit, utakwenda wewe. Nimekusikia ukinong'ona, "Nimpigie magoti mtu asiyenijua?" Anakujua sana. Alikupakata ukiwa mchanga, ukamkojolea kurasa zake, akasema wewe ndiye mhakiki pekee asiyemwogopa.

Kikombe ukishike kwa mikono miwili. Usimtajie ugonjwa wangu, asije akanywa kwa huruma. Sema, "Baba alikuibia, na anajua," kisha nyamaza. Akikutukana, yapokee, ni yangu hayo.

Suk-han, niinulie mto... hapo, ahsante mama. Pendaneni. Msigombanie kilichobaki, hakitoshi kugombaniwa. Mbingu ziwape umri mrefu, na wajukuu... na mkono utakaowafanyia jema msiufiche kamwe.

Nenda sasa, mwanangu. Panda teksi, usingoje basi. Akinywa, rudi uniambie. Asipokunywa... rudi vilevile. Usinidanganye.