Huzuni Anaosha Vikombe Visafi

Mheshimiwa mgeni rasmi, mwenye kumbi za sinema; ndugu walimu mliomfundisha binti yangu; wachoraji wenzake; nanyi majirani zangu mliojaza viti vya nyuma na watoto mapajani: hamjambo!

Mimi shule niliishia la saba, lakini filamu ya katuni mtakayoiona sasa imetengenezwa na mtoto niliyemzaa mimi. Anayebisha aitazame pua ya Furaha. Ni hii hapa!

Humo ndani, Furaha, Hasira, Woga na Huzuni ni wapangaji wa nyumba moja, kifuani mwa msichana aliyefiwa na baba. Wote wanapiga kelele. Huzuni peke yake hasemi kitu: anasimama jikoni anaosha vikombe visafi, anavifuta, anavirudisha majini. Baba wa binti yangu alipotutoka, nami niliosha hivyo hivyo, nikidhani mtoto yuko nje anacheza. Kumbe alikuwa mlangoni ananitazama.

Sasa, mheshimiwa, binti yangu alipokuonyesha kipande hicho, wewe ukamwambia, "Hapo kata. Hakuna linalotokea, watoto watachoka. Usipokata, siionyeshi." Akarudi nyumbani uso umemshuka.

"Mama, nikate?"

"Ukate nini? Unikate mimi?"

Tukaijaribu sebuleni kwangu, nawe ukaja. Je, kuna mtoto aliyechoka? Walitulia kama maji ya mtungini. Waliotikisika ni wakubwa! Muuza nyama wetu, Kifaru, mwanamume wa kubeba nusu ng'ombe begani, alilia mpaka akaniomba mtandio. Nawe ukanyanyuka mbio, ukasema unatoka kupokea simu. Simu ipi, baba? Simu yako uliiacha kwenye kochi, nilikuwa nimeikalia mimi!

Sikucheki. Nauliza tu: ulichokwenda kukifuta kule nje, kilikutoka kwa ajili ya kipande gani?

Binti yangu hakukata, na hatakata. Leo mtaiona nzima, na ikiisha mheshimiwa atatuambia kama ataionyesha. Akikataa, nitatundika shuka ukutani kwangu, na mtaa mzima utaingia bure.

Walimu, Mungu awazidishie. Nanyi nyote, asanteni sana kwa kunitegea sikio. Taa zizimwe.

Mheshimiwa, nimeomba kiti cha jirani yako, kile cha njiani. Safari hii ukitaka kupokea simu, utanipita mimi.