Majivu Kwenye Tuta la Kamanthe

Kila asubuhi Kamanthe Nzuki alichota maji ya mvua kwenye tangi, akapanda hadi tuta la juu la shamba la marehemu baba yake, akainywesha miche yake. Maji ya kisima hakuyataka. Yana chumvi. Asubuhi moja alifika na ndoo yake, akasimama. Kila mche ulikuwa umezungushiwa majivu, meupe, bado yana joto la jikoni.

Wasikilizaji wapendwa, karibuni. Leo tunamkumbuka mwalimu Kamanthe Nzuki wa Mua Hills, hapa Machakos, aliyetutoka mwezi uliopita baada ya kuugua kwa muda mfupi. Alifundisha kilimo chuoni miaka mingi. Alipostaafu alirudi kwao, kwa mama yake Wavinya na kaka yake mkubwa Munyao. Alitaka kupanda bluberi, yale matunda madogo ya buluu.

Bluberi ni ya jamii moja na erika, vile vichaka vya milimani kwenye baridi. Mizizi yake ni myembamba sana, haina vinyweleo vya kujitafutia chakula. Kazi hiyo hufanywa na kuvu ya udongoni. Kuvu hiyo huingia ndani ya mzizi, ikaleta chakula, na mmea ukailipa kwa sukari. Nairudia, kwa sababu mwalimu mwenyewe aliirudia bila kuchoka: mmea na kuvu huishi pamoja, na vyote viwili vinataka udongo mchachu.

Kwa hiyo Kamanthe alisafiri hadi mlimani, akarudi na gunia la udongo kutoka chini ya erika. Mama Wavinya bado anacheka akikumbuka. "Watu wakitoka safari wanaleta mkate," alimwambia. "Wewe mwiitu wakwa, binti yangu, umetuletea udongo. Sasa tutakula nini na chai?"

Kicheko hakikudumu. Kamanthe hakuwa ameolewa, na shamba lilikuwa mikononi mwa Munyao. Alimwomba kaka yake amwonyeshe sehemu yake. Munyao akasema, "Tutaona." Mvua ikaja, ikaenda. Akamwuliza tena. "Tutaona." Mwishowe akapanda kwenye tuta la juu bila jibu, akichanganya udongo wake wa mlimani katika kila shimo.

Ndipo majivu yakaja. Majivu huua uchachu wa udongo. Uchachu ukiisha, kuvu inadhoofika na bluberi inakosa chakula.

Alimwuliza kaka yake, "Ni wewe umeweka?"

"Ni mimi."

"Kwa nini?"

"Mchwa," akasema Munyao, akachukua jembe lake akaenda.

Kamanthe hakuamini. Aliyaparura majivu yote. Baada ya siku chache yakarudi. Akaparura tena, yakarudi tena. Majani yakageuka manjano, mishipa tu ikabaki kijani. Alimwambia mama yake, "Mwaitu, anaua miche yangu ndio nichoke, nirudi nilikotoka."

Kuanzia hapo hawakuzungumza. Mama alibeba maneno kutoka nyumba moja hadi nyingine, mama wa umri ule, na fimbo yake.

"Mwambie kaka yako asiguse udongo wangu."

"Mwambie dada yako mchwa haijasoma chuo."

Nilipohadithiwa hayo nilicheka. Halafu nikakasirika, na sijamaliza kukasirika. Mwalimu huyu aliweza kueleza kitu kisichoonekana kwa macho mpaka darasa zima likakiona. Kaka yake alijua kila tuta la shamba lile kwa miguu yake. Nyumba zao zinatazamana. Hakuna aliyevuka ua akakaa kwenye kiti cha mwenzake akauliza tena.

Kamanthe alihamishia miche iliyobaki kwenye ndoo, nyuma ya jikoni, pamoja na kiasi alichookoa cha udongo wa mlimani. Kwenye ndoo ndiko ilikokuwa alipougua. Kwenye ndoo ndiko ilikokuwa tulipomzika.

Kwa mama Wavinya, kwa mzee Munyao na kwa wote waliofundishwa na mwalimu Kamanthe, poleni sana. Mungu awatie nguvu. Na wewe unayenisikiliza, kama kuna mtu ua wa pili unayemtumia maneno kupitia mama yako, zima redio hii uende mwenyewe. Sitakasirika ukizima.

Nimebakiza sauti moja. Siku iliyofuata mazishi nilienda Mua na kinasa sauti, nikamkuta mzee Munyao kwenye tuta la juu. Alikuwa amebeba zile ndoo zote hadi pale, na mashimo alikuwa ameshachimba. Majivu sikuyaona popote. Nilimwuliza kwa nini aliyaweka. Akajibu, lakini hakunijibu mimi. Aliinama akaongea na mche aliokuwa ameushika.

"Mchwa ilikula miembe ya baba yote hapa. Nikasema, ikikula na hii yake, Kamanthe atarudi mjini. Majivu ndiyo dawa niliyokuwa najua. Kamanthe, hii tuta ni yako. Nilikuwa nataka ukae."