Mapazia ya Mwalimu Wangila

Kitu cha kwanza nilichoona ni futi ya fundi wa nguo, imezungushwa kwenye kidole cha mwanamume aliyeketi kando yangu. Tulikuwa kwenye gari la abiria, Probox, kutoka Kajiado kwenda Kitengela. Mama Falis, anayeuza mbuzi sokoni, alimuuliza kama yeye ni fundi. “Hapana, mama. Mimi ni mwalimu Wangila. Leo nasaini mkopo wa nyumba, halafu nipime madirisha. Bibi anataka mapazia.”

“Mkopo wa miaka mingapi?”

“Ishirini na tano. Kila mwezi ni kama kodi tu.”

“Mwezi umepiga hesabu. Na miaka yote, pamoja na riba?”

Alitoa simu, akabonyeza, akafuta, akabonyeza tena. Tulipita Isinya akiwa bado anabonyeza. “Ni kama bei ya nyumba tatu,” akasema.

“Na watakupatia funguo za nyumba ngapi?”

Dereva alicheka peke yake. “Mama, nimehamisha watoto mara nne,” Wangila alisema. “Nimechoka na malandilodi na kodi zao.”

“Mimi nilijenga chumba kimoja, nikangoja mbuzi wazae, nikajenga kingine.”

“Wewe uko na mbuzi. Mimi niko na chaki.”

Gari liliposimama Kitengela, Wangila alishuka, futi bado kidoleni.

Mimi hufanya kazi za ndani katika nyumba ya mkopo kama hiyo. Sikumwambia kwamba mapazia ya pale ni mazuri, lakini ni mimi huyafungua asubuhi na kuyafunga jioni, wenye nyumba wakiwa kazini, wakitafuta pesa za kuilipia.