Mzee wa Tarumbeta na Shemeji Yake

Ndani ya treni, mama mmoja mshonaji alimkazia macho mzee aliyeketi mbele yangu. "Si wewe yule mpiga tarumbeta wa kwenye filamu za makala?"

"Ndiye hasa!" Mzee akaweka kola sawa, ingawa kamera haikuwepo, tulikuwepo sisi tu. "Meno yaliponitoka niliacha kupuliza. Siku hizi kazi yangu ni kuwa mimi mwenyewe, na kwa hilo hakuna anayeniweza."

"Nazitazama zote. Ila kwenye ya kwanza ulisema mkeo alikukimbia. Kwenye hii mpya unasema ulimfukuza."

"Mama, hadithi bila chumvi hailiki."

"Chumvi unatia wewe, kidonda ni chetu. Huyo mkeo ni dada yangu. Mlipoachana, mimi nilikuwa bado nabebwa mgongoni."

Mzee akamsogelea. Kisha akauliza taratibu, "Huwa ananitazama?"

"Hakosi hata moja."

"Basi mwambie, shemeji, filamu ijayo nitasema kweli tupu." Alishatunisha kifua tena.

"Kweli ipi sasa, ya yeye kukukimbia au ya wewe kumfukuza?"

Treni ikasimama, nao wakashuka mlango mmoja, bado wanabishana.