Mtaro Mbele, Mtaro Nyuma

Ndugu, majirani, na wafanyakazi wenzake na mume wangu, mniwie radhi kwa sauti hii, aliyetakiwa kusoma wasifu huu ni shemeji yangu mkubwa, lakini bado yuko ng'ambo ya mtaro anatafuta pa kuvukia, nasi hatuwezi kuendelea kumngoja.

Marehemu alizaliwa tarehe 14 Machi 1989, mtoto wa tatu wa fundi wa reli na mshonaji, katika nyumba za wafanyakazi nyuma ya karakana, akasoma shule ya msingi hapohapo jirani, akamaliza sekondari mwaka 2007, na mwaka 2011 akatoka chuo cha ufundi na cheti cha ujenzi wa barabara. Kazi aliianza mwaka huohuo kwa kushika kamba ya vipimo juani, akapanda hadi akawa mpanga ratiba wa mradi huu wa barabara ya mabasi ya mwendokasi, mafundi wakamwita Bwana Chapuchapu, na walipomtania kwamba haraka haraka haina baraka, aliwajibu kwamba hata baraka yenyewe iko kituoni inasubiri basi.

Tulifunga ndoa tarehe 8 Juni 2019, tukajaliwa binti mwaka 2021, na huyu niliyembeba mgongoni, wa miezi minne.

Mradi ulipochelewa, ni yeye aliyependekeza barabara isichimbwe kipande kwa kipande, ichimbwe huku na huku kwa pamoja, watu wa maji wahamishe mabomba, na timu zikutane katikati, hapa kwetu, wakubwa wakampigia makofi, akarudi nyumbani akaninyanyua juu kama mtoto. Watu wa maji hawakuja. Mtaro wa barabara ukabaki wazi mbele ya mtaa wetu, ukabaki wazi nyuma, na kila nilipomwuliza tutatokaje mtoto akiugua, alinijibu wiki ijayo, mama, wiki ijayo.

Alikuwa na pumu tangu utotoni, na vumbi lilimzidishia. Asubuhi ya tarehe 2 Septemba 2023 kifua kilibana, gari la wagonjwa likaja likasimama ng'ambo, tunaliona, taa zinawaka, jirani yetu seremala akang'oa mlango wa nyumba yake, wakamlaza juu yake wakamvusha, lakini pumzi ilikuwa imeshamwishia, akafariki kabla ya kufikishwa wodini.

Tunamshukuru daktari na wauguzi waliompokea mbio, tunawashukuru majirani, na seremala ambaye hadi leo analala bila mlango. Nanyi wenzake wa mradi, asanteni kwa turubai na viti, ila nawaomba, najua hapa si mahali pake, huyu wa mgongoni kifua kimeanza kupiga filimbi kama cha baba yake, silali, namsikiliza tu, basi kabla hamjarudi kwenye ratiba wekeeni mtaa huu kivuko cha gari, kimoja tu, mengine yote yachelewe.

Mume wangu, leo wanakuvusha kwa mlango uleule. Wewe unatoka, sisi tunabaki ndani. Pumzika kwa amani.